Mrusi wa Kukodi

Kibandani kwetu kwa kuonyeshea video kulikuwa na sheria moja isiyoandikwa popote: steringi, yaani shujaa wa picha, hafi. Atapigwa, atafungwa kamba, gari lake litatumbukia mtoni, lakini dakika kumi za mwisho ataibuka nguo zimechanika na adui atakiona cha mtema kuni. Kwa imani hiyo tulilipa shilingi 100, tukabanana kwenye mabenchi yasiyo na egemeo, tukavumilia joto na moshi wa jenereta.

Aliyeivunja sheria hiyo ni Mcheki mmoja.

Picha ilikuwa 15 Minutes, ya mwaka 2001. Kwenye jalada la CD kulikuwa na uso wa Robert De Niro, na mfasiri wetu, aliyekaa na kipaza sauti pembeni ya televisheni, alianza kumpamba majina yakiwa bado yanapita: huyu ndiye mpelelezi wa New York nzima, huyu ndiye baba lao. Tukatulia. Picha ilipofika katikati, wageni wawili kutoka Ulaya ya Mashariki wakamvizia nyumbani kwake, wakamfunga kwenye kiti, mmoja akashika kamera ya video, mwenzake akashika kisu. De Niro akapigana akiwa na kiti mgongoni. Akachomwa. Mfasiri akatutuliza kwamba amezimia tu. Tukasubiri. Jamaa mmoja wa benchi la nyuma akasimama kudai arudishiwe hela yake, na mimi nilimwelewa kabisa.

Njiani kurudi nyumbani sikumfikiria De Niro. Nilimfikiria yule mwenye kisu: mwembamba, macho yamezama, ametulia kama mtu anayejumlisha hesabu za duka. Jina lake sikulijua, na kwa miaka mingi halikunijia, ingawa uso wenyewe ulinifuata kila mahali. Nilimwona akiwa mchawi, nikamwona tajiri wa mafuta, daktari, jambazi, baba wa mtoto aliyepotea. Anaitwa Karel Roden. Amezaliwa mwaka 1962 katika mji wa České Budějovice, kusini mwa Jamhuri ya Cheki ya leo, akasomea uigizaji katika chuo cha DAMU kilichoko Praha, mji mkuu wao, na kwao ni mtu wa jukwaani mwenye heshima zake. Huko nje yeye ni "yule jamaa".

Kuna waigizaji ambao kazi yao ni kuwa "yule jamaa", na nina hoja nao, au tuseme nina hoja na wanaowaandikia.

Tuanze na hiyo 15 Minutes yenyewe, kwa sababu ndani yake kuna karibu mambo yote yaliyomtokea Roden baadaye. Anacheza Emil Slovák, Mcheki aliyekuja Marekani kufuata mgao wake wa pesa za wizi. Anakuta mwenzake kazitumia. Anaua. Halafu anagundua jambo analoliona tamu kuliko pesa zenyewe: kwamba katika nchi ile unaweza kuua, ukarekodi kwa kamera, ukauza kanda kwa kipindi cha televisheni, kisha ukamwambia hakimu una wazimu. Roden hamchezi Emil kama mnyama. Anamcheza kama mgeni anayejifunza desturi za nyumba haraka kuliko wenye nyumba. Mtu yeyote aliyewahi kuishi ugenini, akajua ni kipi cha kusema kwa afisa gani, anamtambua, na kwa kweli inaudhi kumtambua.

Sasa angalia majina. Slovák maana yake ni Mslovakia. Kwa Wacheki ni jina la ukoo la kawaida, kwa hiyo sitalifanyia kesi, japo linachekesha kama Mkenya aitwaye Mganda kwenye filamu ya watu wasiojua Nairobi na Kampala ziko upande gani. Lakini yule mwenzake aliyezitumia pesa, mwanamume mzima, anaitwa Milos Karlova. Majina ya ukoo ya wanawake wa Kicheki ndiyo yanayoishia na -ová. Mwanamume aitwaye Karlova ni kioja. Na aliyepewa kumcheza Mcheki huyo ni Vladimir Mashkov, mwigizaji wa Urusi. Yaani Mrusi kacheza Mcheki, na hakuna aliyeshtuka. Tangu hapo Roden akawa analipa deni hilo, filamu baada ya filamu, kwa kucheza Warusi.

Hesabu nami. Mwaka 2004 ni Rasputin katika Hellboy, yule mtu wa dini wa kasri la tsari, mfalme wa Urusi, aliyefufuka kutoka kuzimu. Mwaka huohuo ni Gretkov, bwana wa mafuta wa Moscow katika The Bourne Supremacy. Mwaka 2006, katika Running Scared, ni Anzor, jambazi wa Kirusi anayempenda John Wayne kiasi cha kumchora mgongoni. Mwaka 2007 ni Emil Dachevsky, mtu wa filamu kutoka Urusi, katika Mr. Bean's Holiday. Mwaka 2008 ni Uri Omovich wa RocknRolla, bilionea wa Kirusi anayejenga London na kuvunja miguu ya watu kwa fimbo ya gofu. Rasputin peke yake ndiye aliyewahi kuwa mtu wa kweli. Hao wengine ni Mrusi mmoja aliyebadilishiwa suti.

Kwa mtu wa Chicago hili si tatizo. Anasikia sauti nzito, r inayoviringika, basi: Mrusi. Kumbe lugha hizi mbili, Kicheki na Kirusi, pamoja na undugu wao, zinatembea kwa miguu tofauti. Sisi kwenye Kiswahili tunakaza silabi ya pili kutoka mwisho, na ndiyo maana mgeni akikosea tunamjua kabla hajamaliza salamu. Mcheki hukaza silabi ya kwanza ya neno, siku zote, na irabu zake huzitamka wazi kama zetu. Kwa Mrusi mkazo unahamahama, leo mwanzo wa neno, kesho mwisho, na irabu isiyokazwa humezwa. Kwa hiyo Roden akicheza Mrusi kwa Kiingereza anafanya kazi mbili kwa mshahara mmoja: anaficha Ucheki wake, anavaa Urusi, na yote hayo ndani ya lugha ya tatu. Ni kama umwombe mtu wa Lamu aigize Mkongo anayezungumza Kifaransa, halafu watazamaji waseme, aah, Mwafrika.

Hapo kwenye aah, Mwafrika, ndipo ninapojikuta upande wa Wacheki bila kuulizwa. Sote tumekaa sebuleni tukasikia kile Kiingereza cha "Kiafrika" kisicho cha taifa lolote. Tumeona hata nchi zikibadilishwa: The Ghost and the Darkness ya mwaka 1996, habari ya simba wa Tsavo waliowala wajenzi wa reli mwaka 1898, ilipigwa Afrika Kusini, na mmoja wa waigizaji wake wakubwa ni John Kani, fundi wa jukwaa la huko. Kani ni mwigizaji wa kuheshimika na kazi aliifanya vizuri. Lakini Tsavo si pale. Praha nayo imezoea kuitwa kwa majina ya watu. Katika Amadeus ya mwaka 1984 ilikuwa Vienna. Katika The Bourne Identity ya mwaka 2002 ilikuwa Zurich. Katika Running Scared ilikuwa New Jersey, na Roden akawa Mrusi wa New Jersey bila kuondoka kwao. Mji unaigiza mji mwingine, na mwenyeji wake anaigiza mtu wa taifa lingine, siku hiyohiyo, mbele ya kamera moja.

Kuna jambo jingine ambalo mtazamaji wa Magharibi halioni kabisa, nalo si la lafudhi. Usiku wa kuamkia tarehe 21 Agosti 1968, majeshi yaliyoongozwa na Umoja wa Kisovyeti yaliingia Chekoslovakia, nchi ya Wacheki na Waslovakia wakati huo, kwa vifaru kuzima mageuzi ya serikali ya huko. Roden alikuwa na miaka sita. Askari wa Kisovyeti waliobaki hawakumaliza kuondoka hadi mwaka 1991, yeye akiwa mtu mzima wa miaka 29. Katikati ya miaka hiyo Kirusi kilikuwa somo la lazima shuleni. Hukuulizwa kama unakipenda. Kwa hiyo studio inapomwita Mcheki wa rika lake na kumwambia "tupe Mrusi," inaagiza kitu ambacho mtu yule amekaa nacho nyumba moja utoto wote. Sijui anapovaa koti la Gretkov anamkumbuka nani. Ila nikitazama jinsi anavyosimama akimsikiliza mtu mdogo kwake, bila kupepesa, bila haraka, naona bwana mkubwa aliyechorwa na mtu aliyewahi kumtazama kutoka chini.

Nimeshasoma wanaomsikitikia. Kipaji kimepotea, wanasema, mtu kama huyu angepewa nafasi kuu. Mimi simsikitikii, na nadhani huruma hiyo inaangalia pabaya. Kucheza adui si aibu. Kibandani adui mbovu alikuwa anaharibu picha kuliko steringi mbovu. Tena Roden amepata kitu ambacho Wacheki waliomtangulia hawakukipata, nacho ni nauli ya kurudi.

Mfikirie Herbert Lom. Alizaliwa Praha mwaka 1917 kwa jina refu lenye vyeo vya kikabaila ndani yake, Kuchačevič ze Schluderpacheru, akalikata hadi herufi tatu. Alihamia Uingereza mwaka 1939, mwaka ambao Hitler aliimeza nchi yake, na hakuwa na pa kurudi: vita vilipokwisha hazikupita siku nyingi Wakomunisti wakashika nchi. Akafia London mwaka 2012, akiwa na miaka 95. Hapo katikati alikuwa kila mtu isipokuwa Mcheki. Alikuwa Napoleon mara mbili, mwaka 1942 na tena mwaka 1956 katika War and Peace. Alikuwa jambazi katika The Ladykillers. Alikuwa mfalme wa Siam jukwaani London. Alikuwa inspekta mkuu Dreyfus wa filamu za Pink Panther, yule Mfaransa anayechanganyikiwa kwa ajili ya Clouseau, polisi wake mwenye vituko, jicho likimchezacheza. Hilo jicho ndilo lililomfanya ajulikane na watoto wa nchi ambazo hazikuwahi kusikia habari za Praha. Akaja hadi Afrika, Zimbabwe, mwaka 1985, kucheza afisa wa Kijerumani katika King Solomon's Mines. Mjerumani! Mtu aliyekimbia Wajerumani. Kwenye biashara hii kejeli hazina adabu.

Jan Tříska ndiye anayeniumiza zaidi. Huyu alikuwa mwigizaji wa daraja la juu kwao, akaondoka na familia yake mwaka 1977, wakati serikali ilipokuwa ikiwabana wasanii wachague upande. Marekani haikuwa na kazi kwa mtu ambaye chombo chake ni Kicheki. Akapata vipande. Mwaka 1996 mwongozaji Miloš Forman, Mcheki mwenzake, alimweka katika The People vs. Larry Flynt, na nafasi yake haina hata jina: ni mtu anayepiga risasi, basi. Baada ya ukomunisti kuanguka alirudi, na mwaka 2002 alisimama katika ngome ya Praha akiwa King Lear, kwa lugha yake, mbele ya watu wake, akiwa na miaka 65. Alikufa Septemba 2017 baada ya kuanguka kutoka daraja la Karlův most, daraja lile ambalo kila filamu inayokwenda Praha lazima ipite juu yake.

Kwa hiyo Roden alizaliwa kwa saa nzuri. Ukuta wa Berlin ulipoanguka alikuwa kijana, Hollywood ikagundua kwamba studio za filamu za Barrandov, huko Praha, zina mafundi hodari na bei nafuu, na ikahamia kwake. Mwongozaji Guillermo del Toro alipiga Blade II huko, akamtumia. Akarudi kupiga Hellboy, akamtumia tena. Mtu anatoka kuwa Rasputin mchana, jioni anakula chakula cha kwao. Lom angelia.

Ninachogomba mimi ni uvivu wa kalamu. Mpe adui nchi, mpe mama, mpe mtaa aliokulia, halafu aue anayetaka. Emil Slovák, pamoja na vituko vya majina, alikuwa na kwao, na ndiyo maana baada ya miaka zaidi ya 20 bado namwona. Omovich hana kwao, ana pesa tu. Roden anajitahidi: katika RocknRolla kuna nyakati anamtazama yule mwanamke mhasibu kama mvulana aliyeshikwa na mapenzi ya kwanza, na kwa sekunde mbili bilionea anakuwa mtu. Hizo sekunde anazichomeka mwenyewe, kama mpishi anayetia kiungo chake kwenye chungu cha jirani.

Na akipewa kidogo chenye maana, tazama anachokifanya. Katika Orphan ya mwaka 2009 anaonekana kwa muda mfupi tu. Ni daktari wa hospitali ya wagonjwa wa akili huko Estonia, na kazi yake ni kupiga simu. (Kama hujaiona ruka hadi aya inayofuata, ingawa miaka imepita na kosa ni lako.) Upande wa pili wa simu yuko mama aliyemlea mtoto yatima anayemtilia shaka. Daktari anamwambia kwamba yule si mtoto. Ni mwanamke wa miaka 33. Filamu nzima imesimama juu ya simu ile. Mwigizaji mwingine angepayuka. Roden anaongea kama mtu anayejua kwamba akipayuka mama hatamwamini, na hofu yake inasikika kwenye pumzi kati ya maneno. Anayepokea simu ni Vera Farmiga. Miaka minane kabla, katika 15 Minutes, Farmiga alikuwa msichana wa Kicheki aliyeona mauaji, na aliyekuwa akimwinda ni Roden huyuhuyu. Safari hii anampigia kumwokoa. Nilipogundua hilo nilisimamisha picha, nikacheka peke yangu usiku wa manane.

Akina Emil nao ni wawili, utakuwa umeona. Emil wa kwanza alileta kamera ya video ili arekodi kifo. Emil wa pili, yule wa Mr. Bean's Holiday, anasimama kwenye stesheni ya Gare de Lyon na mwanawe, Mr. Bean anamwomba ampigie video akipanda treni. Mara ya kwanza haikutoka vizuri. Rudia. Rudia tena. Milango inafungwa, Bean na mtoto wako ndani, baba yuko nje na treni inaondoka. Pale Roden hana la kusema, ana uso tu, na uso ule ulifanya ukumbi wa watoto unyamaze kidogo katikati ya kicheko. Dada yangu hapendi sehemu ile mpaka leo. Huwa anaipeleka mbele.

Kwao, mambo ni mengine. Mwaka 2008 alimcheza mlinzi wa reli katika Hlídač č. 47, akapata tuzo ya Simba wa Kicheki ya mwigizaji bora wa kiume. Mwaka 2011, katika katuni ya watu wazima iitwayo Alois Nebel, alikuwa bubu. Mtu ambaye dunia inamlipa kwa lafudhi yake, nyumbani wakampa nafasi isiyo na neno. Halafu mwaka 2016 ikaja Masaryk, filamu iliyozoa Simba 12, mmoja ukiwa wake.

Jan Masaryk alikuwa mwana wa rais wa kwanza wa Chekoslovakia, na alikuwa balozi London mwaka 1938 wakubwa wa Ulaya walipokutana Munich kuigawa nchi yake bila kumkaribisha mwenye nchi. Filamu inamfuata hadi Marekani, amevunjika, akitibiwa akili. Roden anamcheza na vichekesho vyake, piano yake, wanawake wake, na aibu ya kuwa mwakilishi wa nchi isiyokuwepo tena. Mwisho wa Masaryk wa kweli unajulikana: alikuwa waziri wa mambo ya nje Wakomunisti waliokuwa wakiungwa mkono na Moscow waliposhika madaraka Februari 1948, na tarehe 10 Machi maiti yake ikakutwa uani, chini ya dirisha la wizara. Wapo wanaosema alijirusha, wapo wanaosema alirushwa, na Wacheki hawajaacha kubishana.

Niliitazama kwa kompyuta, na maandishi ya Kiingereza chini, hakuna mfasiri wala jenereta. Kicheki sikijui hata neno. Lakini nilikaa nikisikiliza sauti niliyoizoea kwa miaka mingi, na ilinichukua robo saa kung'amua kilichobadilika: haikuwa na lafudhi.

Mpwa wangu akapita nyuma yangu na kikombe cha chai, akainama kwenye kioo. Masaryk alikuwa amesimama na suti yake, akitazama nje dirishani.

"Mjomba, huyu si yule Mrusi wa Mr. Bean?"

Nikavuta pumzi nimweleze, kuanzia 1938. Nilipogeuka alikuwa ameshaingia chumbani kwake.